Umeniuliza babako angesema nini

Mwanangu,

Ujumbe wako niliusoma jana usiku, nikausoma tena alfajiri kabla ya kuwasha jiko. Waniuliza ati babako angekuwa hai angekwambia utoke kwa huyo bosi wako ufungue studio yako mwenyewe na wale vijana watatu wa mtaani, ama angekwambia uvumilie umalize mwaka. Sasa mimi nitajuaje? Alipokuwa hai penyewe nilikuwa sijui atasema nini. Ila najua angeanzia wapi, angeanza na Sugar Minott, yule mwimbaji wa rege wa Jamaika, maana yule bwana hakuna swali alilolijibu bila kupitia Jamaika kwanza. Hata siku walipokuja kumposa dada yako, wazee wa watu wameketi, kahawa mkononi, wakaanza kuelezwa habari za Kingston.

Nyimbo zake wazijua, umezaliwa ukizisikia. Hadithi yenyewe sidhani uliwahi kuisikia mpaka mwisho, ulikuwa ukimwona babako anaanza tu washika mpira watoka. Jina la kuzaliwa Lincoln Barrington Minott, mtoto wa Kingston, 1956. Alianza kama selekta kwenye saundi, yale maspika makubwa ya kupiga muziki mtaani, yaani kijana wa kuchagua sahani watu wacheze, halafu akawa na wenzake wawili wakijiita African Brothers, halafu ndio akaingia Studio One, studio ya bwana mmoja aitwaye Coxsone Dodd. Hapa babako alikuwa anapunguza redio ili usikie vizuri. Coxsone alikuwa na ridimu, yaani muziki mtupu bila maneno, za miaka ya 60 zimelala kwenye tepu, Minott akaja na maneno yake mapya akayaimba juu ya zile za zamani, na zikawa kama zimepigwa jana. Ile LP ya Live Loving ya 1978 ni kazi ya namna hiyo. Nyinyi sasa kila mtu anafanya hivyo na kompyuta, mwaona ni kawaida.

Wakumbuka wimbo wa Mr DC? Ndio huo huo mtindo, ridimu ya zamani, maneno mapya. Mtu ametoka shamba na mzigo wake wa bangi, kashikwa njiani na DC, anamwomba amwachie kwani watoto hawajala. Kule kwao DC ni askari wa kijijini, lakini sisi tulijua ni DC huyu huyu wetu, mkuu wa wilaya! Babu yako mgema wa watu, kutafsiriwa tu akaacha kunywa chai, akasema huyo anayeimba lazima ana minazi. Akataka urudiwe. Tukaurudia mpaka betri zikaisha, na babu kila ukifika pale pa watoto anatikisa kichwa, anasema "eeh, mwambie, mwambie."

Basi, nimetoka njiani. Minott akaondoka kwa Coxsone akaanzisha lebo yake mwenyewe, Black Roots, na saundi ya Youthman Promotion, akawa anaokota vijana wa ghetto anawapa maikrofoni. Junior Reid alipita pale, yule aliyekuja kuimba na kundi la Black Uhuru, na Tenor Saw, na Yami Bolo, na Garnett Silk. Na hapo ndipo babako alikuwa anagonga meza: mwenye tepu ndiye mwenye wimbo! Umeisikia mara elfu. Nami naiamini mpaka leo, mwenye tepu ndiye mwenye wimbo, nisikufiche.

Lakini hebu ngoja. Hiti iliyompandisha juu kuliko zote ni Good Thing Going, namba 4 Uingereza mwaka 1981, na ule si wimbo wake, ni wa Michael Jackson wa 1972, na waliouandika ni watu wa Marekani huko. Kwa hiyo hata aliyeondoka akashika tepu yake, kalamu haikuwa yake. Nilikuwa namwambia babako hivyo, yeye anasema sauti je, sauti si ya Sugar? Namwambia sauti hailipi kodi ya nyumba. Ananuna. Na pengine alikuwa na haki ya kununa, kwa sababu mimi nikiusikia ule wimbo simkumbuki Michael hata kidogo.

Sasa nikwambie kitu ambacho babako hakupenda kisemwe. Wajua kwamba yeye na wenzake waliwahi kurekodi nyimbo nne kabla hujazaliwa. Usichojua ni kwamba sauti ya pili kwenye kibwagizo ni yangu. Walikosa msichana, nikaingia mimi, tumetoka saa kumi usiku, tukalipwa nauli na chipsi za kugawana. Hakuna karatasi iliyoandikwa. Tukaambiwa tutaitwa.

Mwaka ukapita, hatujaitwa. Siku moja niko kwenye foleni ya feri Likoni, wewe mgongoni una homa, matatu imesimama pale inapiga muziki, na nasikia kibwagizo. Nasikia mimi! Mwanangu, nilicheka peke yangu kama mwendawazimu, nikamshika mama mmoja aliyekuwa na ndoo ya samaki nikamwambia huyo anayeimba ni mimi. Akaniangalia kanga yangu, akaangalia na ndala, akasema "haya dada," akasogeza ndoo.

Jioni yake nikanunua ile kaseti kwa pesa ya dawa yako, Mungu anisamehe. Nikaigeuza ile karatasi ya ndani mbele na nyuma. Jina la mtu mwingine kabisa, picha ya mtu mwingine na miwani. Chini kabisa, herufi ndogo za kuumiza macho: shukrani kwa wote waliosaidia. Basi. Sisi ndio hao wote.

Babako hakukasirika, na hilo ndilo linaniuma kuliko kaseti yenyewe. Alisema angalau wimbo unapigwa. Habari za mwenye tepu alianza kuzisema baadaye sana, nami nilikuwa namwacha agonge meza. Siku Minott alipofariki, Julai 2010, miaka 54 tu, alikaa barazani akapiga Mr DC mpaka magharibi na hakusema neno hata moja kuhusu Jamaika. Nikajua wimbo ule wa feri ulikuwa bado umo ndani yake.

Kwa hiyo utoke ama ubaki? Sisemi. Ukitoka nitakuombea, ukibaki nitakuombea, kodi ya studio siijui, bei ya mashine siijui. Moyo wangu uko upande mmoja na wewe wajua ni upande gani, lakini sisemi, usije ukafilisika ukasema ni mama.

Ila kuna jambo moja. Desemba ulipokuja ulinipigia ule wimbo wako mpya kwenye laptopu, mzuri kweli, na pale katikati kuna msichana anaitikia kwa sauti nyembamba mpaka nywele zikanisimama. Nikakuuliza ni nani, ukaniambia "huyo ni wa kibwagizo tu, mama." Nikaenda jikoni kugeuza mahamri. Yaliungua manne, ukadhani ni uzee.

Nijibu hili kwanza ndipo nami nikujibu lako. Yule msichana anaitwa nani?

Mamako