Jahazi Lilipokaa Mchangani

Mwanangu,

Waalaikumu salaam. Ujumbe wako nimeusikiliza mara mbili, mara ya pili nimezima mashine ya kuranda ndipo nikaupata sawasawa. Umesema kampuni inataka uache kubuni mandhari ya filamu uwe prodyuza, na unaogopa ukishika daftari la pesa kalamu ya kuchorea itakauka. Ukaniuliza mimi, fundi milango, ufanyeje.

Ulikuwa darasa la nne wale wageni walipokuja kushuti huku kwetu Mkomani, Lamu. Wewe huenda unakumbuka biskuti tu. Mimi nakumbuka mlango. Mbunifu wao alitaka mlango wa nakshi wa kale, nikamwambia wa mbambakofi ni kazi ya miezi. Akacheka, akasema ana siku nne. Basi tukaunda wa plaiwudi, nakshi tukazichonga kwenye lile povu gumu linalokuja na televisheni mpya. Tulipomaliza akaupaka chai ya rangi iliyokolea, kisha akachukua masizi kwa kidole akasugua karibu na komeo, pale tu mkono wa mtu hushika. Kwingine hakugusa. Nimechonga milango maisha yangu yote na sikuwahi kufikiria mkono unapopita. Ukiugonga ulilia kama debe, lakini kwenye kamera babu yangu angesimama nje akabisha hodi.

Mambo yakaharibikia majini. Mbunifu alitaka samadari, kile kitanda cha kale, na makasha mawili kutoka Siyu, kisiwani Pate. Prodyuza alikodi jahazi kwa saa iliyoandikwa kwenye ratiba yake, wala hakumuuliza nahodha maji yanajaa lini, na mbunifu hakumwambia vitu ni vikubwa kiasi gani. Siku za bamvua, maji yanapojaa sana na kupwa sana! Maji yakapwa, jahazi likakaa mchangani na samadari juu. Huku mjini waigizaji, watu wa taa na wapishi wameketi barazani siku nzima, wote wanalipwa. Prodyuza akamlaumu mbunifu, mbunifu akamlaumu prodyuza, nahodha akalala. Hasara ikaishia kwa mafundi. Malipo yangu ya mwisho yalikatwa, na bado yananiwasha.

Ndiyo maana nasema kubali. Siku ile alikosekana mtu mmoja anayejua uzito wa kitanda na bei ya kusubiri.

Na wapo waliofanya yote mawili. Mpwa wako amenitafutia kwenye simu habari za yule Mmarekani uliyenitajia, Polly Platt. Alibuni mandhari ya The Last Picture Show ya mwaka 1971, filamu ya nyeusi na nyeupe, na ndiye mwanamke wa kwanza kuingia chama cha wabunifu wa Hollywood. Mumewe ndiye aliyekuwa mwongozaji, akampenda mwigizaji wao katikati ya kazi. Platt akamaliza kazi, kisha akambunia filamu mbili zaidi. (Mamako alipofika hapo alisema neno nisiloliandika.) Terms of Endearment ya 1983 ikamfikisha kwenye uteuzi wa Oscar, baadaye akahamia uprodyuza, na The War of the Roses ya 1989 ni miongoni mwa kazi zake. Sidhani jicho lake liliacha kuona kuta siku alipoanza kutia saini hundi.

Ila weka sharti kwenye mkataba: usifunge bajeti kabla wewe na mbunifu hamjaketi na hadithi mkaipitia tukio kwa tukio, ndani au nje, mchana au usiku, kitu gani kinashikwa na mkono wa nani. Na mkija kushuti huku, kibali cha bodi ya filamu peke yake hakitoshi. Mji wa kale wa Lamu uko kwenye orodha ya urithi wa dunia ya UNESCO tangu 2001. Kabla ya kugongelea hata msumari kwenye ukuta wa mawe, onana na watu wa Makumbusho ya Taifa.

Ule mlango wa plaiwudi ungali nyuma ya karakana, kuku wa mamako wanatagia hapo. Ukija Maulidi njoo na mkataba kabla hujausaini, tuusome ukurasa wa malipo pamoja. Na uniletee msasa mzuri, wa hapa unakwisha kabla ya ubao.

Babako