Nia si sababu

Swali: Assalaam alaykum, Mwalimu. Hapa barazani Langoni tulikuwa tukisikiliza redio, habari za kesi ya mauaji ya kimbari ambayo Gambia iliishtaki Myanmar kule The Hague, kwenye Mahakama ya Kimataifa ya Haki, mwaka 2019 kwa ajili ya Warohingya, Waislamu walio wachache huko Myanmar. Mtangazaji akasema kesi nzima inasimama juu ya nia, yaani ni lazima ijulikane wanajeshi waliua kwa nini. Mzee mmoja akapinga, akasema nia na kwa nini ni vitu viwili. Yupi aliye sawa? – Msomaji, Lamu

Jibu: Waalaykum salaam, mwanangu. Mzee wenu kasema kweli. Mpe mkono wangu.

Nia ni neno la asili ya Kiarabu, na sisi tunalijua zaidi kwenye ibada. Usiku wa Ramadhani mtu hutia nia ya kufunga. Aliyeshinda na njaa kwa kukosa chakula na aliyefunga, wote wana matumbo matupu magharibi ikiadhiniwa, ila mmoja tu ndiye mwenye saumu. Kilichowatenga ni kile alichokiazimia.

Sasa fungua redio asubuhi: "Mwanamume amekatwa mapanga saba, na polisi wanasema nia ya mauaji hayo haijajulikana." Haijajulikana vipi? Anayemshushia mwenzake mapanga saba nia yake i wazi, ni kuua. Kisichojulikana ni sababu, kiini, kilichomsukuma: shamba, deni, wivu. Maneno yapo tele, na bado huchukuliwa lile moja lisilofaa. Nimelipigia kelele kosa hili miaka mingi na sitachoka.

Nilipokuwa kijana hapa Lamu niliwakuta wavuvi ufuoni asubuhi, wameyazunguka majarife yaliyoanikwa. Yalikuwa sita kwa mstari. La kwanza, la tatu na la tano, yote ya nyumba moja, yamekatwa. La pili, la nne na la sita, ya watu wengine, hayakuguswa hata jicho moja. Fundi mmoja akachuchumaa, akapitisha vidole kwenye uzi. Uzi uliochanwa na mwamba huchakaa ncha, hutoka nyuzinyuzi. Huu ulikatika safi, na mikato imeachana pima moja moja, mwanzo hadi mwisho wa wavu. Hakuna aliyekiri wala aliyeonekana. Lakini hapakuwa na mtu pale aliyesema labda ni bahati mbaya. Aliyefanya alikusudia kuikata riziki ya nyumba ile, ile na si nyingine. Nia ilithibiti kabla jua halijapanda. Sababu? Wengine walisema posa iliyokataliwa, wengine ugomvi wa kiwanja. Hadi leo haijulikani, na kutojulikana kwake hakukuunga uzi hata mmoja.

Nyavu si watu, na roho haina mfano. Naonyesha tu jinsi la moyoni linavyofikiwa kwa kutazama lililo machoni, kwa sababu ndivyo majaji wafanyavyo. Mkataba wa 1948 wa kuzuia mauaji ya kimbari unataja vitendo kama kuua, kudhuru vibaya na kuzuia uzazi, vikitendwa kwa nia ya kuliangamiza, lote au sehemu yake, kundi la kitaifa, kikabila, kimbari au kidini kwa kuwa ni kundi hilo. Haitoshi kukusudia kumuua huyu na yule. Ni lazima, kwa kuwaua hao, ukusudie kundi lao litoweke. Wingi wa maiti peke yake hauthibitishi hilo.

Kule Arusha, kwenye mahakama ya Umoja wa Mataifa ya mauaji ya Rwanda, katika hukumu ya Jean-Paul Akayesu, meya wa Taba nchini Rwanda, tarehe 2 Septemba 1998, majaji walikiri kwamba nia ni jambo gumu kulifikia mshtakiwa asipoungama. Wakatazama ukubwa wa mauaji, maneno yake ya hadharani, na jinsi watu walivyolengwa kwa kuwa ni Watutsi huku wengine wakiachwa. La kwanza, la tatu, la tano. Na kipimo ni kikali: katika kesi ya Croatia na Serbia, zilizoshtakiana, mwaka 2015, Mahakama ya Kimataifa ya Haki ilitaka nia hiyo iwe ndiyo maana pekee ambayo akili timamu ingeipata katika mwenendo wote. Pande zote mbili zilishindwa hapo, ingawa watu waliuawa kweli.

Sababu je? Mwaka 1948 wajumbe waliouandika mkataba ule walivutana kama waziorodheshe mkatabani, wakaziacha. Mwaka 2001, katika rufani ya Goran Jelisić, Mserbia wa Bosnia aliyeshtakiwa kwenye mahakama ya Umoja wa Mataifa ya iliyokuwa Yugoslavia, majaji walieleza kwamba mtu kuwa na sababu yake binafsi, iwe mali au madaraka, hakumwondolei nia ya kuangamiza kundi.

Hapa ndipo damu inaponichemka. Mtangazaji akiita sababu nia, amemfungulia muuaji mlango wa nyuma. Muuaji atasema alitaka ardhi, na msikilizaji ataitikia: kumbe nia yake ilikuwa ardhi, si kuwaangamiza! Alitaka ardhi, naam, na akaazimia kuwamaliza wenyewe. Yote mawili hukaa katika moyo mmoja.

Atakayeandika "dhamira" mahali pa "nia" simzuii, maneno hayo ni jirani. Ila asiandike "dhamiri", kama wengi wanavyofanya siku hizi. Dhamiri ndiyo imsutayo mtu usiku akishatenda, na mahakama haiulizi habari zake.