Baraza ya mbao bustanini: boriti za chini zisioze tena

Dada wa Shela, huko pwani, pole. Umesema boriti za baraza yako ya bustani zimeoza kwa miaka 2 tu, nazo zililazwa juu ya mchanga. Hapo ndipo kosa lilipo. Mbao za juu hazina hatia.

Mbao ikigusa ardhi hunyonya maji, na mchwa hupanda bila hodi. Mimina vipande vya zege, kila kimoja kitokeze angalau sentimita 15 juu ya ardhi. Juu yake weka kipande cha mpira mgumu au karatasi ya lami, ndipo ulaze boriti. Acha nafasi ya sentimita 40 hivi kati ya boriti na boriti, na milimita 5 kati ya mbao za juu. Usizibe pembeni kwa mawe ili papendeze, hewa lazima ipite.

Mbao? Bambakofi au mvule, mfuko ukiruhusu. La sivyo, chukua msonobari uliotiwa dawa kiwandani, na kila unapokata paka dawa upya kwenye kichwa cha mbao. Mafundi wengi huruka hatua hii, na mimi niliiruka zamani, nikajutia. Boriti za mkoko ni nzuri, ila hakikisha muuzaji ana kibali cha misitu.

Misumari ya kawaida sahau, chumvi ya bahari itaila. Tumia skrubu za stenlesi, yaani chuma kisichoshika kutu kwa urahisi.

Baraza ikipita urefu wa kiuno, au ikikaa kwenye mteremko wa mchanga, mwite mhandisi kwanza.