Makarani wapya, ile barua ya kuomba nakala za hukumu msiichukulie poa

Nyie mnaoanza kazi kwenye ofisi za mawakili hapa Tabora, na wenzetu wa Kigoma, kuna barua ya nusu ukurasa mtatumwa sana kuipeleka masjala, ya kuomba nakala ya hukumu, dikrii (amri rasmi inayotokana na hukumu) na mwenendo wa kesi (kumbukumbu ya yaliyoendelea mahakamani). Barua hiyo ikikosewa, rufaa ya mteja inakufa hata kama haki ni yake.

Hukumu ikisomwa leo barua iandikwe leo. Kesi ikiwa ya Mahakama Kuu barua inaenda kwa Naibu Msajili, wilayani kwa hakimu mfawidhi. Weka namba ya shauri, majina ya pande zote, tarehe ya hukumu, na sema kabisa unataka kukata rufaa. Urudi na kopi iliyogongwa muhuri wa kupokelewa, na huo muhuri uangalie ukiwa bado dirishani, wino ukiwa umefifia tarehe haisomeki mwombe karani kwa upole agonge tena, maana kesho mkibishana kuhusu siku hicho ndo kitu pekee mtakachoonyesha.

Kama rufaa inaenda Mahakama ya Rufani hapo ndo pa kuwa makini zaidi. Kanuni ya 90 ya Kanuni za Mahakama ya Rufani za 2009 inataka uombe kwa maandishi ndani ya siku 30 tangu uamuzi na mpinzani umpelekee kopi, hapo ndo Msajili anaweza kukupa cheti cha kuondoa siku zilizotumika kuandaa nyaraka kwenye zile siku 60 za kufaili rufaa. Mpinzani hukumsavu, yaani hukumpelekea kopi? Cheti hakikusaidii. Halafu tangu marekebisho ya 2019 Msajili ana siku 90 za kuandaa, zikiisha kimya una siku 14 za kwenda kufuatilia mwenyewe, sasa wewe usikae kusubiri simu.

Kesi iliyoanzia mahakama ya mwanzo ni habari nyingine, rufaa ya kwenda wilayani ni siku 30 na sheria hailazimishi kuambatanisha nakala ya hukumu. Mteja wa Urambo au Kasulu anakwambia "nasubiri hukumu ichapwe", mwambie afaili kwanza, nakala itamkuta mbele.

Siku ya kuchukua, lipia kwa kontrol namba, risiti tunza, halafu usikimbilie bodaboda. Kaa kwenye benchi ufungue ukurasa kwa ukurasa, mwenendo ukiruka kutoka ukurasa wa 14 kwenda 16 rudisha palepale. Dikrii iwe na tarehe ile hukumu iliposomwa, sio siku ilipochapwa, hili linapita wengi sana. Sahihi ipo? Muhuri wa kuthibitisha nakala upo? Mteja ametoka Kibondo huko, nauli ya kurudi tena kisa tarehe ya dikrii nani atamlipa.

Na ile hukumu mnayoidownload TanzLII, tovuti ya hukumu za mahakama, ni ya kusoma tu, sio nakala mliyothibitishiwa na masjala, msije mkaiambatanisha kwenye rufaa.