Barua kwa mwanangu: Sauti niliyoisikia redioni

Walukuba, Jinja

Mwanangu,

Umeniuliza: kama picha za enzi za Idi Amin hapa Uganda zipo, na sisi tulioyaona bado tu hai, mwanahistoria wa nini kwenye filamu yenu? Si muwashe kamera tu, mama asimulie?

Umekua ukinisikia nikisema kwamba tarehe 25 Januari 1971 nilimsikia Amin mwenyewe akisoma redioni zile sababu 18 za kumpindua Rais Obote. Basi sivyo. Aliyezisoma ni askari mwingine. Amin alizungumza baadaye. Sikukudanganya. Nilikuwa na miaka kumi, sauti mbili zikawa moja kichwani, na majirani nao wanakumbuka vivyo hivyo. Nani angetusahihisha?

Picha nazo zina hila zake. Mwaka 2015 zilipatikana negativi zipatazo 70,000 katika shirika la utangazaji, UBC, na 2019 baadhi zikaonyeshwa pale Makumbusho ya Uganda. Waliozipiga ni wapigapicha wa serikali. Utaona mikutano, utaona umati. Waliopotea usiku hutawaona. Mkizirusha bila mtu wa kuuliza nani alishika kamera na nani alimtuma, mtakuwa mnamalizia kazi ya Amin.

Chukua Vita vya Uchumi vya 1972, Wahindi walipopewa siku 90 waondoke nchini. Watu walishangilia kweli, babu yako akiwemo. Baadaye babu huyohuyo alipanga foleni ya sukari hapa Jinja, kiwanda cha sukari cha Kakira na miwa yake yote kikiwa jirani tu, huku “mafuta mingi”, yaani matajiri wapya waliogawiwa maduka ya Wahindi, wakineemeka. Anayeziweka foleni na shangwe katika hadithi moja ndiye mwanahistoria. Kamera iliiona shangwe.

Halafu, tafadhali, mwambie mtayarishaji wenu asiweke Kiswahili midomoni mwa askari peke yao. Najua walikitumia kutisha watu barabarani. Lakini sisi wa hapa Walukuba tulinunulia nyanya kwa Kiswahili hichohicho.

Ukija Jumamosi usinihoji mimi kwanza. Anza na shangazi yako. Yeye anashikilia kwamba babu hakushangilia hata siku moja. Tutagombana, na wewe urekodi.

Mama yako