Kabla hujamrekodi mla rushwa, jifunze kwa waliotangulia

Wadogo zangu mnaoingia kwenye habari za uchunguzi, wengi mnaamini ukishapata klipu ya mheshimiwa anapokea mlungula basi kazi imeisha. Sio kweli.

Mwaka 1911 kule Columbus, Ohio, Marekani, wapelelezi wa William J. Burns, mwenye kampuni binafsi ya upelelezi, walijifanya wametumwa kuwashawishi wabunge wa jimbo kuhusu miswada, wakachukua chumba hotelini wakaficha humo kidude kinaitwa Dictograph. Kilitengenezwa kwa ajili ya maofisini tu, bosi aongee na karani wake bila kushika simu, ila maiki yake kali, inanasa chumba kizima. Na hapa ndo wengi hawajui, kile kidude hakikuwa kinarekodi chochote! Kilipitisha sauti kwenye waya mpaka chumba cha jirani, huko kuna mtu kaweka kisikilizio sikioni anaandika kwa hati mkato, yaani alama fupi za kufuata kasi ya mtu anayeongea. Fonografu, mashine za kurekodi sauti za enzi hizo, zilikuwepo ila silinda ya nta iliyonasa sauti ilikuwa inaisha ndani ya dakika chache, halafu lazima uongee karibu na pembe lake, kwa kazi ya siri haifai kabisa.

Rodney Diegle, mpambe wa seneti ya jimbo (ofisa wa kusimamia utaratibu ukumbini), alikutwa na hatia ya kusaidia rushwa kwenye sakata hilo mwaka huohuo. Sasa angalieni, mashine haikuwa na cha kuonyesha mahakamani, aliyebeba ule ushahidi ni mwandishi wa hati mkato na karatasi zake, mtu anayeweza kuulizwa maswali na wakili akajibu.

Na huyo wa chumba cha pili anasikia tu, noti hazioni. Simu yako ikiwa mfukoni nayo haioni, kwa hiyo wewe uliye mle ndani ndo ufanye vitu vitamkwe: mwite mtu kwa jina lake, rudia kiasi alichotaja, muulize hela ni ya nini. Ukitoka, usiku huohuo andika tarehe, saa, nani alikuwepo na alikaa wapi, usingoje kesho. Faili la kwanza usiliguse, kata kwenye kopi.

Ila bei usitaje wewe, asitaje rafiki yako, ataje huyo mheshimiwa mwenyewe, maana ukimsukumia hela wakili wake atasema mla rushwa umemtengeneza wewe na hapo utahangaika sana. Ongea na mhariri na mwanasheria wa chombo chako kabla hujaenda, sheria za kurekodi mtu bila yeye kujua zinatofautiana nchi na nchi.