Re: Kushika kamera na kuwa mtayarishaji kwa wakati mmoja

Umeuliza kama mtu anaweza kupiga picha za filamu na hapohapo awe mtayarishaji wake. Inawezekana, ndugu, ila usizifanye zote mbili siku ileile.

Steven Soderbergh, mwongozaji wa filamu wa Marekani, huongoza na kushika kamera mwenyewe, na kwa kazi ya kamera hujiandika kwa jina la bandia, Peter Andrews. Lakini kuongoza na kupiga picha ni kazi zinazotazama upande mmoja. Mtayarishaji anatazama saa na pochi.

Mimi iliniponza hivi: jua linazama, tumebakiwa na dakika kama kumi na tano za mwanga ule wa dhahabu, simu ikaita. Mwenye nyumba anataka watu watoke. Nikaiacha kamera nikaenda kubembeleza. Niliporudi, kivuli kilishapanda hadi kidevuni mwa mwigizaji, na uso uliokuwa wa joto umekuwa wa kijivu. Vipande viwili vya tukio moja havikuoana. Kwenye uhariri tulirekebisha rangi za picha wee, wapi!

Siku hizi makaratasi yote nayamaliza kabla ya kamera kuwashwa: mikataba ya waigizaji, ruhusa za maeneo, umiliki wa mswada. Muziki ndio wa kuogopa zaidi, maana msambazaji atadai umwonyeshe kwa maandishi kwamba una haki ya kuutumia. Siku ya kupiga, simu nampa msaidizi.

Na pesa: mpigapicha wa kuajiriwa hulipwa kwa siku, mtayarishaji husubiri filamu iuzwe, kama itauzwa. Jiwekee posho ya kamera kwenye bajeti tangu mwanzo, hata kama mfuko ni wako.